Wakuu, kampuni inakua ila hisa inashuka. Niongeze au nitoke?

Nahodha_Mkavu: Habari zenu wakuu. Nina hisa za kampuni moja ya programu zinazolipiwa kila mwezi, nimeifuatilia miaka miwili. Mapato yalikua 60%, yakaja 40%, ripoti ya juzi 22%. Faida imepanda. Lakini siku ya ripoti bei ilidondoka kama embe bovu. Wastani wa bei niliyonunulia ni 90, leo iko 54. Nikiongeza sasa wastani unashuka, ikipanda 40% tu nimerudi pale pale. Niongeze? Naomba ushauri wa kiungwana, usingizi sina.

MzeeWaGawio: Ndiyo maana mimi nakula gawio langu taratibu. Kampuni isiyogawa hata senti unaipendea nini? Mwaka 2009 nilinunua hisa za kampuni ya saruji, watu wakanicheka. Leo hao wanaonicheka wananikopa. Ngoja nikusimulie ilivyoanza…

Mchokozi: Mzee, usituanzie. Tunaijua hadi mwisho.

BibiHesabu: Mwanangu, kwanza hesabu. 54 ikipanda 40% ni kama 75 na nusu. Kurudi 90 inahitaji kupanda karibu 67%. Pili, faida kwa hisa ilikuwa ngapi uliponunua?

Nahodha_Mkavu: Kama 1 hivi.

BibiHesabu: Basi ulilipa mara 90 ya faida. Tuseme faida ikue 25% kila mwaka bila kukosa. Mwaka wa tano itakuwa kama 3. Kufikia hapo kampuni imezeeka kidogo, watu wanakubali kulipa mara 20 tu ya faida. Bei inakuwa 61. Kampuni imekua mara tatu na wewe umepoteza karibu theluthi. Bei ya hisa za ukuaji, yaani za kampuni zinazotarajiwa kukua haraka, imebeba matarajio. Soko lilikwisha kulipia ile 40%, ikaja 22%. Ndiyo ukaona bei imedondoka siku ya habari njema.

Kobe_Mpole: Nondo. Mfano hai ni Cisco, kampuni ya vifaa vya mtandao. Machi 2000 ilishika kwa muda nafasi ya kampuni yenye thamani kubwa kuliko zote duniani, kisha hisa ikapoteza zaidi ya 80%. Mapato yake leo ni zaidi ya mara mbili ya mwaka ule, lakini aliyenunua kileleni alikaa zaidi ya miaka 20 bila kuiona tena bei yake.

Nahodha_Mkavu: Mbona hamsemi Amazon? Iliingia sokoni 1997, baada ya kilele cha 1999 ikaporomoka zaidi ya 90%. Waliovumilia leo wako wapi?

Kobe_Mpole: Tunawakumbuka hao kwa sababu walibaki wa kukumbukwa. Kampuni nyingi za intaneti za miaka ile zilishuka hivyo hivyo, hazikurudi. Na aliyeishika Amazon hakuwa na bili ya kulipa kesho yake. Hiyo pesa unaihitaji lini?

Nahodha_Mkavu: Si haraka.

BibiHesabu: "Si haraka" si tarehe.

Nahodha_Mkavu: Mwezi wa tatu. Sehemu yake ni ya mdogo wangu, aliniachia mwezi wa nane nimtunzie, anamalizia nyumba. Kabla hamjanirukia: benki ingemlipa riba ya kuchekesha, nilitaka kumshangaza. Na mkopo wa kuongezea nimeshajaza fomu, bado kutuma tu. Kwa hiyo swali langu ni bei ya kuingilia, si maadili.

DadaMkweli: Kumshangaza utamshangaza.

MzeeWaGawio: Pesa ya amana haichezewi! Marehemu baba alikuwa akisema…

Mchokozi: Wakuu mnapoteza muda, hii chai. Nimepekua maandiko yake: kwenye uzi mwingine alisema amenunua mwezi wa sita. Hapa pesa amepewa mwezi wa nane. Alinunua kwa pesa ya ndoto? Jina la kampuni hataji. Subirini, kesho analeta linki ya "kundi la mawimbi", yale ya kuuziana ishara za lini ununue na lini uuze.

Kobe_Mpole: Hata mimi nimeanza kunusa. Nahodha, fafanua.

DadaMkweli: Chai au si chai, hesabu ya bibi nimeihifadhi.

Nahodha_Mkavu: Sina kundi, sina linki. Nilinunua mara mbili, idadi ile ile. Mwezi wa sita kwa pesa yangu, 70. Ikapanda. Mwezi wa nane, kwa pesa ya dogo, 110. Wastani 90. Kuna kosa gani hapo?

BibiHesabu: Hakuna kosa la hesabu. Ila ya dogo imeshuka nusu nzima, yako haijafika hata robo. Huo wastani umeichukua hasara ya dogo na kuichanganya na ya kwako ili isionekane. Fomu ya mkopo ichane. Umpigie leo, kabla ya ripoti nyingine.

Mchokozi: Sawa, naondoa neno chai. Nabakiza sukari.

Nahodha_Mkavu: Mkopo nimesitisha. Kumpigia bado, yuko na mafundi, hawezi kuongea vizuri. Ila nimefanya kitu: asubuhi hii nimeuza nusu.

BibiHesabu: Nusu ipi, ya 70 au ya 110?

Kobe_Mpole: Nahodha?

Mchokozi: Yupo hewani, namuona. Anaandika, anafuta.