Naomba ushauri: matamshi ya maneno adimu ya Kiingereza niyaandikeje?

Wakuu, habari zenu. Nina daftari la maneno ya Kiingereza yasiyosikika kila siku. Maana hainisumbui, kamusi yoyote nzuri inatosha. Kazi ipo kwenye matamshi.

Chukua "victuals", yaani vyakula. Hutamkwa karibu na "vitolz"; ile c ni pambo tu. Wasomi waliipachika ili neno lifanane na asili yake ya Kilatini, ila ndimi za watu hazikuwafuata. "Boatswain", msimamizi wa mabaharia melini, huwa "bousan". "Quay", gati la meli, ni "kii", basi! Ukikodolea macho herufi hupati kitu.

Nimekuwa nikiandika hivyo kwa tahajia ya Kiswahili, lakini inanipotosha. Kiingereza kina ile irabu hafifu ya silabi zisizo na mkazo, sisi hatuna, kwa hiyo mara naandika a, mara o. Na mkazo wenyewe hauonekani popote.

Kamusi za Oxford hutumia alama za IPA (alfabeti ya kimataifa ya kuandika matamshi), ambazo zilianza kuchapishwa 1888, wakati Merriam-Webster, wachapishaji wa kamusi wa Marekani, wana alama zao wenyewe. Kuchanganya zote mbili naona ni kujitafutia kichaa.

Waliopita njia hii: nijifunze IPA yote, au zipo alama chache zinazotosha kwa Kiingereza? Na neno kama "lieutenant", yaani luteni, ambalo Uingereza ni "leftenant" na Marekani "lutenant", mnaandika yote mawili au mnachagua upande mmoja?