Tupeane uzoefu: permi (kibali) ya bunduki ikiisha muda, mlifanyaje?

Mwana Kamalondo

Jambo kwenu wote. Niko na shida ambayo sikuitafuta. Baba alitutoka mwezi wa nane. Nyuma ya matanga, tukipanga vitu vyake, juu ya kabati ndani ya kitenge cha zamani tukakuta kalibre 12 yake, ile aliyokuwa anaenda nayo upande wa Kasenga tulipokuwa watoto. Permi yake ilikuwa ndani ya Biblia, imebanwa kati ya Zaburi na Methali. Juu imeandikwa Province du Katanga. Katanga hiyo ya kwetu Kongo ilikatwa vipande vinne mwaka 2015, kwa hiyo jimbo lililotoa permi halipo, aliyesaini hayupo, na sasa mwenye permi naye hayupo. Muda wake uliisha zamani, Baba akiwa bado mzima. Hatujui kwa nini hakuiongeza. Labda aliona miguu haitamfikisha tena porini.

Kaka yangu mkubwa anasema tuiongeze muda kwa jina la Baba, "nani atajua?" Roho yangu inakataa. Waliopita njia hii, mlifanya namna gani? Iwe ya uwindaji ao ya bastola, ya huku ao ya ng'ambo, leteni. Ila namba ya bunduki msiandike hapa, na jina la afisa pia hapana.

Mzee wa Luapula

Pole kwa msiba, mwanangu. Niko na miaka 71 na nimewinda tangu kijana, kwa hiyo sikiliza kwanza jambo moja linalowaangusha wengi: karatasi ni mbili. Kuna ya kushika bunduki na kuna ya kuwinda. Ya kushika bunduki inafuata sheria ya silaha ya tarehe 3 Septemba 1985, namba 85-035. Ni ya wakati wa Mobutu, lakini ndiyo waliyonisomea mimi. Ya kuwinda inafuata sheria ya uwindaji ya tarehe 28 Mei 1982. Moja ni mambo ya usalama, nyingine ni mambo ya wanyama, na biro zake hazikai pamoja wala hazisalimiani.

Mimi nilikuwa nalipa ile ya uwindaji bila kukosa. Kashe (muhuri) mpya, bordero (risiti) ya banki, roho nyeupe. Siku moja kwenye bariere, narudi na swala wawili nyuma ya pikapu, nikamkuta askari kijana aliyesoma. Hilo ndilo lilikuwa bahati mbaya yangu, maana wenzake walikuwa wanaangalia kashe tu na kunipitisha. Huyu akasoma mstari kwa mstari, kisha akaniuliza kwa heshima zote: "Papa, hii inakuruhusu kuua nyama. Inayokuruhusu kushika bunduki iko wapi?" Ilikuwa nyumbani, na ilikuwa imekufa miezi saba.

Bunduki ilibaki kwao. Swala pia walibaki, lakini hao hawakuandikwa kwenye karatasi yoyote.

Kuirudisha ilinitafuna msimu mzima. Dosie yangu ilikuwa na permi ya zamani na fotokopi yake, karta ya uchaguzi, foto nne, karatasi ya daktari, na ile ya pariki, biro ya waendesha mashtaka, ya kusema sijahukumiwa. Hiyo ya pariki ndiyo ilichelewa kuliko zote. Ilipotoka, ya daktari ilikuwa imekwisha kuzeeka, nikarudi kwa daktari. Kisha bunduki yenyewe ikatazamwa, namba ya chuma ikalinganishwa na namba ya karatasi. Yangu ilikuwa na 3 iliyoandikwa kama 8. Ee, wiki mbili juu ya tumbo la namba nane! Tangu siku ile naandika kwenye kalenda ya ukutani, miezi minne mbele, tarehe za karatasi zote mbili, kwa bic nyekundu.

Katuba mpaka Fort Worth

Mzee, salamu. Mimi nilizaliwa Katuba, Lubumbashi, sasa niko Texas, Amerika, naendesha lori. Acha nilete ya huku, mtaona tofauti na mtaona pia kwamba mwenye shida haachwi na shida.

Huku nilichukua permi ya kubeba bastola chini ya nguo. Inatolewa na Department of Public Safety, biro ya jimbo zima, si polisi wa mtaa wako. Zamani iliitwa Concealed Handgun License. Januari 2016 walipokubali bastola ibebwe hata ikionekana kiunoni, wakabadilisha jina, ikawa License to Carry. Mara ya kwanza kuna darasa, kisha unapiga risasi 50 kwenye karatasi, kutoka yadi 3, 7 na 15. Nilishindwa kwa alama na bibi mmoja mwenye mvi aliyetoa bastola kwenye mkoba wa kwendea kanisani.

Kuongeza muda ni kila miaka 5. Hakuna darasa tena, hakuna risasi. Unafungua intaneti, unajaza, unalipa dola 40. Mbele ya Septemba 2017 mtu mpya alikuwa analipa 140, kwa hiyo sikulalamika. Nikamwambia mke wangu, dakika kumi nimemaliza, pasha chakula.

Jina likanikwamisha. Ninyi mnajua sisi tuko na jina, postnomu (jina la pili la kienyeji) na prenomu (la kizungu), mambo yaliyoanza mwaka 1972 Mobutu alipokataza majina ya kizungu. Watu wa huku hawana pa kuweka postnomu. Kwenye karatasi ya ukaazi wameiweka katikati. Kwenye permi ya kuendesha gari wakaiunganisha na jina la ukoo. Nilipopata uraia ikarudi katikati, imepoteza herufi moja njiani. Mashine ikaona watu watatu, na kati yao hakuna hata mmoja mwenye permi. Tena nilikuwa nimehama nyumba mara mbili. Sheria inataka uwajulishe ndani ya siku 30, mimi sikujulisha hata moja. Chakula kilipoa kweli kweli. Ilikwenda karibu miezi miwili, kutuma karatasi na kusubiri barua.

Mtaniuliza kwa nini nahangaika, na tangu tarehe 1 Septemba 2021 mtu wa Texas mwenye miaka 21 asiye na kizuizi cha sheria anaruhusiwa kubeba bila permi? Kwa sababu ya barabara. Ukivuka mpaka wa jimbo, ruhusa ile ya kubeba bila karatasi inabaki Texas, lakini permi yenyewe kuna majimbo mengi yanayoitambua. Shida ni kwamba Illinois haiitambui, California haiitambui, New York haiitambui, na mizigo yangu karibu yote ni ya Chicago. Halafu kampuni inakataza silaha ndani ya lori.

Tantine Bel-Air

Kwa hiyo umelipa dola 40 na miezi miwili ili bastola ilale?

Katuba mpaka Fort Worth

Ndani ya sanduku la chuma, Tantine, na mimi mwenyewe siku zote niko njiani. Mke wangu amecheka mpaka leo.

Mzee wa Luapula

Ngoja. Unasema unajaza kwenye simu, na karatasi inakuja nyumbani, bila kashe?

Katuba mpaka Fort Worth

Kadi ya plastiki, Mzee. Inakuja kwa posta. Bila kashe.

Mzee wa Luapula

Mimi kitu bila kashe nisingelala nacho nyumba moja.

Mujane wa Kampemba

Naona wanaume tu ndio wanazungumza hapa, na bunduki zenu mnatuachia sisi. Bwana yangu alikuwa na bastola, aliinunua na permi yake, alikuwa na magazini ya bidhaa pale soko. Kila mara permi ikikaribia kufa alikuwa anasema "wiki ijayo". Tarehe 23 Machi 2013, Kata Katanga, wale waasi waliotaka Katanga ijitenge, walipoingia muji, risasi zinalia, tumelala chini mu kuluari na watoto, yeye akatambaa mpaka chumbani kutafuta ile bastola. Akaipata. Risasi hakuzipata, alikuwa amezificha vizuri sana, mpaka yeye mwenyewe akasahau. Mimi nikamwambia, rudi ulale hapa na sisi. Akarudi. Permi wakati ule ilikuwa imeisha mwaka mzima, na alikuwa anaogopa askari kuliko wale wengine.

Alikufa 2019. Nikabaki na kitu kile mu nyumba, na vijana watatu wa kiume. Silali. Mkubwa wa kanisa akaniambia neno ambalo nakupa na wewe, Mwana Kamalondo: usibebe bunduki njiani kuipeleka. Wewe mwanamke mwenye bastola mu mufuko ndani ya taksi-basi, wakikukuta utaeleza nini? Nilienda kwanza biro na karatasi peke yake, na cheti cha kifo, na mdogo wa bwana. Nikawaambia kitu kiko nyumbani, njooni. Wakaja na jipu. Mtaa mzima ukatoka, watoto wakaruka, majirani wakasema tayari Mama amefungwa. Niliwapikia mabibi wote bukari ile jioni ili waache kuuliza.

Wakaandika PV, ile karatasi rasmi ya maelezo. Hapo ndipo nilipogombana nao. Walitaka kuandika "silaha moja" basi. Nikakataa kusaini mpaka waandike aina, namba, na kwamba niliwaita mwenyewe. Kijana wangu akapiga foto ya PV. Nyuma ya miezi sita, mtu mwingine wa biro nyingine akaja kuniuliza bastola ya marehemu iko wapi. Bila ile karatasi sijui leo ningekuwa wapi.

Risasi nilizipata 2021, ndani ya bati la maziwa ya Nido, nyuma ya mfuko wa unga. Nikarudi tena, nikaandikiwa tena.

Kapita wa Zamu

Mimi nafanya kazi ya gardienaji, miaka tisa. Watu wanadhani tuko na permi. Hapana. Kampuni za ulinzi hapa kwetu haziruhusiwi kushika bunduki. Yule mwenye bunduki unayemuona kando yangu ni polisi. Mimi niko na filimbi, tochi na mbwa. Mbwa ndiye mwenye karatasi, ya chanjo, na hiyo pia inaisha muda.

Kijana wa Ruashi

Kaka yako asijaribu. Nilikuwa mwandishi kwa avoka (wakili) mmoja, nikaona dosie ya namna hiyo. Mtoto alipeleka permi ya baba yake kuongeza muda, baba akiwa kaburini. Wakamwambia mwenye permi aje mwenyewe kupigwa foto. Akasema mgonjwa. Wakasema tutamfuata nyumbani. Permi ni ya mtu, bunduki inafuata nyuma yake. Yule kijana aliingia na kosa la karatasi iliyokufa, akatoka na la uongo, juu yake tena kushika silaha bila ruhusa. Kama mnaitaka ile kalibre, mmoja wenu aombe permi mpya kwa jina lake, na wakati huo bunduki ikae kwao.

Mjukuu wa Pweto

Babu yangu alimaliza habari hii kwa njia yake. Miaka ile Mchungaji Ngoy Mulunda na shirika lake la amani, PAREC, walikuwa wanakusanya silaha Katanga, unaleta bunduki unapewa baiskeli. Babu hakuwa mtu wa vita, yake ilikuwa ya kulinda mashamba ya mihogo kwa nguruwe pori, permi yake ilikuwa na kashe ya Zaïre. Aliona kwenda Lubumbashi kuibadilisha ni ghali kuliko bunduki. Akarudi kijijini amekaa juu ya kitanda cha baiskeli, anasukumwa, maana hakujua kuendesha. Nguruwe walikula mihogo ya mwaka ule. Lakini shangazi zangu wawili walisoma kwa ile baiskeli, ilikuwa inapeleka samaki.

Mwana Kamalondo

Narudi nyuma ya siku kumi na saba. Aksanti kwa wote, Mama wa Kampemba zaidi. Nilifanya kama ulivyosema: karatasi kwanza, bunduki imebaki ndani ya kitenge chake. Kaka yangu alikasirika siku tatu, kisha Mzee wa Ruashi… samahani, Kijana, nilimsomea ujumbe wako kwa sauti mbele ya Mama, akanyamaza, akaja na mimi.

Biro ya kwanza walisema permi ya Katanga haiwahusu. Ya pili walisema inawahusu lakini mwenye kitabu amesafiri. Siku ya tatu kitabu kikaonekana, kikubwa, kimekula vumbi, na jina la Baba liko ndani kwa mkono wa mtu mwenye mwandiko mzuri, na namba ni ileile, hakuna 3 wala 8. Afisa aliniambia alama ya mwisho ya Baba kwenye kitabu ni ya mwaka 2011. Alikuja akauliza bei ya kuongeza, akasaini kwamba amekuja, hakurudi.

Walikuja kuichukua asubuhi ya jana, watu wawili, bila jipu, kwa mguu. Aina, namba, na kwamba tuliwaita wenyewe, vyote vimeandikwa. Mama aliomba abaki na kitenge, wakampa.