Naombeni ushauri: niache kupamba maharusi nikafanye mekapu ya filamu?

Pambo_Tabata: Wakuu habari zenu. Nina miaka 27, napamba maharusi saluni moja hapa Dar mwaka wa sita sasa. Pembeni najifunza makovu, vidonda vya bandia na damu ya kuigizia, ile ya sharubati ya glukosi na rangi ya chakula unaongeza kakao kidogo isije ikawa nyekundu kama soda. Nimepata kazi kwenye tamthilia, kuna mhusika kaungua uso, nitamtengeneza mimi mwanzo mwisho. Shuti inaanza Jumamosi. Niache saluni au nisiache? Siku ya tatu silali.

Mzee_wa_Keko: Usiache. Mimi 2009 niliacha ukarani nikaingia kwenye mitumba Kariakoo, bero la kwanza lote makoti ya baridi, nikauze wapi makoti Dar hii? Mke wangu ndo alitulisha mwaka mzima kwa vitumbua.

Mama_Nasra: Mwanangu Mungu kakupa mkono wa kupendezesha watu we unataka kuwapaka madonda. Huko ni kujitabiria mabaya.

Nyundo: Mama hiyo ni kazi kama kazi zingine, Rick Baker alichukua Oscar ya mekapu 1982 kwa kumgeuza mtu mbwa mwitu na akaja kubeba saba jumla. Ila mleta mada, mtu hakosi usingizi siku tatu kwa sababu ya saluni. Umeficha nini?

Pambo_Tabata: Sawa. Jumanne tulifanya majaribio, nikampaka msanii lateksi, ule mpira wa maji, na pamba usoni. Kuitoa uso umevimba, jicho la kushoto halifunguki. Dairekta akasema hata imependeza, sini inataka hivyo hivyo, Jumamosi tupige tu.

Fundi_Ukungu: Ulimjaribu kwanza nyuma ya sikio au ndani ya kiwiko ukasubiri siku nzima?

Pambo_Tabata: Muda haukuwepo mkuu. Nitampaka vaselini kwanza ngozi isiguswe. Na kameza vidonge vya aleji, na yeye mwenyewe anaitaka hii kazi, ndo nafasi yake ya kwanza.

Fundi_Ukungu: Ukipaka vaselini gundi haishiki, utahangaika na kingo zinabanduka kila dakika. Lateksi ya maji ina amonia, inachoma, na utomvu wenyewe wa mpira kuna watu miili yao haiutaki kabisa, mara ya pili inaweza kuja kali kuliko ya kwanza hadi pumzi inabana. Achana nayo. Tumia jelatini na gliserini, japo kwa joto letu na zile taa italainika, kwa hiyo pigeni asubuhi na uwe na vipande vya akiba. Silikoni ndo nzuri zaidi, ila ile ya platinamu usiimimine kwenye ukungu (kalibu ya kumiminia) uliopita lateksi, haigandi.

Pambo_Tabata: Silikoni nainunua na nini? Nimeshachukua laki nane vikoba, zote zimeishia kwenye lateksi na vifaa. Na funguo za saluni nimesharudisha.

Nyundo: Kumbe ulishaacha, sisi tunashauri nini sasa

Chalii_wa_R: Uzi bila picha haujakamilika.

Pambo_Tabata: [picha]

Chalii_wa_R: Wakuu hii chai. Mtu kazi yake ni kutengeneza nyuso zilizovimba anatuletea picha ya uso uliovimba, na nyie mnalia naye. Anatangaza biashara huyu.

Mzee_wa_Keko: Duh. Nami nimeshamhadithia mpaka vitumbua vya mke wangu.

Mama_Nasra: Kama ni uongo Mungu anakuona binti.

Pambo_Tabata: Naapa sio kazi yangu. Ingekuwa kazi yangu ningeshaibandua.

Fundi_Ukungu: Tulieni, nimeikuza picha. Kipande cha bandia kikipita kwenye nyusi lazima gundi ilaze vinyweleo, hivi vimesimama vyote. Na ndani ya jicho kwenyewe kumewiva, hapo hakuna mekapu. Ni kweli hii. Dada, picha ya lini?

Pambo_Tabata: Ya leo. Uvimbe wa Jumanne ulipungua, leo saa nane tukamjaribu tena kidogo, shavuni tu, na vaselini.

Fundi_Ukungu: Anapumua vizuri?

Pambo_Tabata: Anasema koo linamkwaruza. Nilidhani vumbi la stoo.

Fundi_Ukungu: Ita bajaji sasa hivi mpeleke hospitali ya karibu. Mlangoni tu waambie ni lateksi, wasije wakamshika na glovu za mpira.

Pambo_Tabata: Tunatoka.