Msimbo upi wa SIC kwa kampuni ya nguo: kushona, meza ya sokoni na duka la mtandaoni

Kutoka: mwanachama wa Reading

Ndugu wanajumuiya,

Shikamooni wakubwa, na wenzangu habari za siku nyingi. Nimo katika kusajili kampuni ndogo hapa Uingereza, na fomu ya Companies House, ofisi ya serikali inayosajili makampuni, imenikwamisha pale inapodai msimbo wa shughuli, ule wa tarakimu tano unaoitwa SIC. Biashara yenyewe ni hii: ndugu yangu ananunua majora ya vitenge Kariakoo kwa fedha ninazomtumia, sehemu ya vitenge hivyo inashonwa magauni na fundi wetu wa Ilala, na sehemu nyingine inaletwa kama kitambaa, nami naishona hapa nyumbani. Magauni yanauzwa mtandaoni, na wakati wa kiangazi nakodi meza kwenye gulio la Jumamosi. Majirani nao wameshazoea kuniletea suruali za kupunguza na zipu za kubadilisha.

Katika orodha nimekuta 14132, 47710, 47820 na 47910, na kila mmoja unaonekana kunihusu kwa namna fulani. Naomba kujua ni upi unaonistahili, na kama nikichagua usiofaa nitatozwa kodi isiyo yangu.

Kutoka: mwanachama wa Leicester

Dada wa Reading, marahaba, na hongera kwa hatua hiyo.

Ninatunza hesabu za maduka na karakana ndogo hapa Leicester, mji ulioishi kwa cherehani kwa vizazi kadhaa, kwa hiyo swali lako si geni kwangu. La kwanza la kushika ni kwamba misimbo hii inaainisha kazi, haiainishi bidhaa. Chukua gauni moja la kike la kitenge. Anayelishona yuko 14132, yaani utengenezaji wa mavazi ya nje ya kike. Anayeliuza kwa jumla kwa wenye maduka yuko 46420. Akiliuza rejareja katika duka la nguo ni 47710, akiliuza kwenye meza ya sokoni ni 47820, na akiliuza kwa mtandao ni 47910. Anayelipunguza kiuno yuko 95290 pamoja na mafundi wengine wa kurekebisha vitu vya nyumbani, anayelikodisha kwa ajili ya harusi yuko 77299, na dobi anayelisafisha yuko 96010. Gauni ni lile lile, lakini limepita katika misimbo minane, na ndiyo maana kuitafuta biashara yako kwa neno «nguo» peke yake kunachosha.

Orodha tunayoitumia ni SIC 2007, ambayo husimamiwa na Ofisi ya Takwimu ya Taifa, ONS, na imetumika tangu 1 Januari 2008. Muundo wake unafuata ule wa Ulaya uitwao NACE. Ilitungwa wakati biashara ya mtandao ilikuwa bado kama jambo la pembeni, na ndiyo sababu 47910 imewakusanya wote pamoja, muuza vitabu, muuza viatu na muuza madira, bila kujali kilichomo ndani ya kifurushi. Wenzetu wa Ulaya wameanza kuondoka hapo, kwa kuwa toleo jipya la NACE, lililoanza kutumika katika takwimu mwaka 2025, limeacha kutofautisha duka la barabarani na la mtandaoni na linaangalia aina ya bidhaa. Kwa maoni yangu wamefanya jambo la busara, lakini wewe jaza kwa orodha iliyopo mbele yako.

Companies House inakuruhusu kuandika misimbo isiyozidi minne, na haimtumi mtu kuja kukagua kama umechagua sawasawa. Kanuni ya kitakwimu inasema kwamba shughuli kuu ni ile inayoongeza thamani kubwa zaidi, na kwa biashara ndogo isiyo na hesabu za aina hiyo mauzo ndiyo hutumika kama kipimo. Kwa hiyo kabla ya kuchagua, gawa fedha unazotarajia kuingiza: kiasi gani kinatoka mtandaoni, kiasi gani mezani, kiasi gani kwa majirani wa zipu. Msimbo 47710 uache kabisa, kwa sababu huna duka, ingawa ndio unaopendwa na wengi kwa kuwa jina lake linasikika vizuri.

Sasa nifike kwenye jambo linalowachanganya hata wahasibu. Magauni yanayoshonwa Ilala huyashoni wewe, na ungedhani kwamba katika sehemu hiyo wewe ni muuzaji tu. Kanuni za uainishaji, hata hivyo, zinauliza kitambaa kilikuwa mali ya nani wakati kinakatwa. Mtu akiagiza nguo kwa fundi, na fundi akatumia kitambaa chake mwenyewe, basi mwagizaji ni mfanyabiashara wa jumla au wa rejareja. Lakini akinunua kitambaa kwa fedha zake, akamkabidhi fundi na kumlipa ujira wa kushona, huyo mwagizaji anahesabiwa kuwa mtengenezaji, hata kama hajawahi kukanyaga pedali ya cherehani, na fundi pia anahesabiwa kuwa mtengenezaji. Kwa kuwa majora ni yako tangu Kariakoo, 14132 unakustahili kwa magauni ya Ilala na kwa yale unayoyashona mwenyewe. Ukianza kushona mashati ya kiume, ongeza 14131.

Kuhusu kodi, msimbo wa SIC haupangi kiwango chochote. Kodi ya faida ya kampuni ni ile ile kwa mshonaji na kwa muuzaji. VAT hutazama kitu chenyewe: kigauni kilichobuniwa kwa ajili ya mtoto mdogo, ambaye kwa HMRC, mamlaka ya kodi na forodha ya Uingereza, ni yule ambaye hajatimiza miaka 14, kinatozwa asilimia sifuri, na gauni la mama yake la kitenge hicho hicho linatozwa asilimia 20. Nawe hulazimiki kujisajili VAT mpaka mauzo yako yanayotozwa kodi hiyo yazidi pauni 90,000 katika miezi 12. Siku ukijisajili na kuchagua mpango wa kiwango bapa, ambao VAT hulipwa kwa asilimia maalumu ya mauzo yote, utakutana na orodha nyingine tofauti kabisa yenye majina yanayofanana na haya: kutengeneza nguo asilimia 9, rejareja isiyotajwa kwingine asilimia 7.5, rejareja ya nguo za watoto asilimia 4, na 16.5 kwa yule anayenunua bidhaa kidogo mno. Wengi huichukua SIC yao na kuitafutia mwenzake katika orodha ile. Usifanye hivyo, kwa kuwa orodha hizo mbili zilitungwa na watu tofauti kwa makusudi tofauti.

Kutoka: fundi cherehani, Birmingham

Assalaam alaykum ndugu zangu.

Kaka wa Leicester ameeleza vizuri, ila pale anaposema kwamba hakuna anayekagua, naomba niongeze neno. Companies House haikagui, lakini rekodi ile iko wazi kwa kila mtu, na benki, wakopeshaji na kampuni za bima huisoma kabla hawajakujibu. Mteja wangu mmoja aliandika 47910 pekee, na alipoomba bima ya chumba alichoweka cherehani nne, pasi ya mvuke na marobota ya vitambaa, aliulizwa kwa nini duka la mtandaoni lina mashine za kiwandani. Walimtaka aandike maelezo mapya ya shughuli zake kabla ya kumpa bei. Kwa hiyo, dada, usiifiche kazi ya kushona hata kama mauzo ya mtandaoni ndiyo makubwa.

Kwa wale wenye kazi kama yangu: suti na kanzu za kupima mwili wa mteja zinaingia katika utengenezaji, kwa kuwa ushonaji wa kupima umo humo humo katika kundi la 14131 na 14132. Kofia za viua, mitandio na nguo za watoto wachanga zinaangukia 14190. Sare za wauguzi, ambazo wateja wangu wengi wa Kikenya wananiagizia, ni 14120, mavazi ya kazi. Kuchapa fulana za harusi au za chama kwa skrini ni 13300, umaliziaji wa nguo, na si msimbo wa wapiga chapa. Mabushti ninayoyakodisha mwezi mzima wa ndoa ni 77299. Kama mnavyoona, misimbo minne hainitoshi, na nimeacha nje ile inayoniingizia kidogo.

Kuhusu mitumba, anayeiuza katika duka ni 47799, lakini anayeisafirisha kwa marobota kwa wenye maduka ni 46420 sawa na muuzaji wa jumla wa nguo mpya, maana biashara ya jumla haitenganishi kipya na kilichotumika.

Kutoka: mwanachama wa Columbus, Ohio

Salamu kutoka ng'ambo ya bahari. Naandika kwa ajili ya wanajumuiya wa Marekani tu, ili wasije wakaibeba namba ya Uingereza na kuijaza huku.

Sisi tunatumia orodha ya shughuli iitwayo NAICS, yenye misimbo ya tarakimu sita, ambayo tunashirikiana na Kanada na Mexico na ambayo hurekebishwa kila baada ya miaka 5. Toleo la 2022 limeyaunganisha maduka ya nguo za kiume, za kike na za watoto kuwa 458110, na limeufuta mgawanyo wa duka na mtandao, kwa hiyo ukikuta makala inayokuelekeza 448120 au 454110, ujue ni ya zamani. Mitumba ni 459510, na fundi wa kupunguza na kurekebisha asiyeuza nguo mpya ni 811490.

Tofauti kubwa na Uingereza ni kwamba huku hata mtu binafsi asiye na kampuni anatakiwa kuandika msimbo, katika kisanduku B cha fomu ya Schedule C anapowasilisha kodi. Orodha ya IRS, mamlaka ya kodi ya Marekani, ni fupi kuliko NAICS kamili, na washonaji wote wa mavazi wamewekwa chini ya 315000. Bima ya ajali za wafanyakazi ina misimbo yake mingine ya tarakimu nne katika majimbo mengi, nayo ndiyo inayogusa mfuko, kwa sababu bei ya bima inahesabiwa juu yake.

Kutoka: mwanachama wa Reading

Nawashukuru sana, kaka zangu. Nimepiga hesabu kama nilivyoelekezwa, na nitaandika 14132, 47910, 47820 na 95290. Je, nikija kupata duka, nitalazimika kusubiri mwaka uishe ndipo nibadilishe? Na wakala wa mizigo ananidai «msimbo wa bidhaa» kwa ajili ya forodha. Nimpe 14132?

Kutoka: mwanachama wa Leicester

Hapana, usimpe huo. Nianze na lililo jepesi: misimbo hubadilishwa kupitia taarifa ya uthibitisho ambayo kila kampuni huiwasilisha angalau mara moja kwa mwaka, na huzuiwi kuiwasilisha mapema. Ada hulipwa mara moja tu kwa kipindi cha miezi 12, hata ukiwasilisha tena ndani yake.

Forodha nayo, kinyume na SIC, huainisha kitu na haijali kazi yako. Kitenge cha pamba kikiwa jora kiko katika sura ya 52 ya orodha ya ushuru. Kikiwa cha polista kinahamia sura ya 54 au 55, kutegemea aina ya nyuzi. Gauni lililoshonwa kwa kitambaa kilichofumwa kwa nyuzi zinazopishana, kama kitenge, liko sura ya 62, la kitambaa cha nyuzi zilizounganishwa kwa vitanzi, kama cha fulana, liko 61, na mitumba ina kichwa chake, 6309. Angalia vizuri lebo za majora kabla ya kumjibu wakala, kwa sababu si kila kitenge kinachouzwa Kariakoo ni pamba tupu.

Si kila kimoja kimechapwa Tanzania pia, na hapo ndipo fedha zako zilipo. Tanzania inanufaika na mpango wa Uingereza wa upendeleo kwa nchi zinazoendelea, ulioanza Juni 2023, ambao unaziingiza bidhaa za nchi zenye maendeleo duni bila ushuru iwapo zina asili ya huko. Jora lililochapwa China na kupitia tu Dar es Salaam halina asili ya Tanzania, na litatozwa. Lakini kwa mavazi ya nchi hizo kanuni ya asili inaridhika na ushonaji kutoka kwenye kitambaa, kwa hiyo gauni lililokatwa na kushonwa Ilala linaweza kuhesabika kuwa la Tanzania hata kama kitambaa chake kilitoka China, mradi ndugu yako atunze risiti za kitambaa na za ujira wa fundi, na atoe tamko la asili ya bidhaa. Utahitaji pia namba ya EORI, yaani namba ya utambulisho wa mwagizaji kwa forodha, inayoanza na GB kabla mzigo haujafika.

Kwa khanga, ambazo hukuzitaja lakini najua zitafuata, ni vyema uombe HMRC uamuzi wa maandishi wa uainishaji, ambao kwa kawaida hudumu miaka 3. Doti iliyokwisha kupindwa kingo na doti iliyo bado katika jora zinaweza kuingia katika vichwa tofauti, na si jambo la kumwachia wakala akisie mzigo ukiwa bandarini.