Naomba ushauri: riwaya ya baba na mwanawe, yenye jinai ndani

Assalaam aleikum ndugu zangu. Niko Lamu, babangu ni fundi wa mashua Matondoni. Macho yamemchoka, kwa hivyo baada ya isha mimi humsomea. Tulianza na Bwana Msa, mpelelezi wa riwaya ya Mzimu wa Watu wa Kale (1960). Mzee akawa anamtaja muuaji kabla ya wakati, na kukosea.

Kisha nikamsimulia ile riwaya ya Dostoyevsky ya 1880 kuhusu ndugu Karamazov: baba mpenda anasa auawa, mwana mkubwa ashtakiwa, na kati yao kuna pesa na mwanamke mmoja. Mzee aliacha kusokota pamba ya kukalafatia, yaani kuziba nyufa za mashua. Akauliza, "Na huyo mwana, babake alimnyima nini?" Sikumjibu. (Sisi wenyewe tulinuniana miaka mitatu kwa ajili ya kiwanja.)

Sasa natafuta nyingine: jinai iwemo, lakini kiini kiwe baba na mwana, si maiti tu. Iwe ya Kiswahili, hata tafsiri, na isiwe ndefu mno, sauti hunikauka. Matusi mengi hapana, twasoma barazani na mama yuko ndani anasikia. Mnanipa ipi? Nitaipata huku, au niagize Mombasa?