Naomba ushauri: mchaichai wangu uliokauka unanuka sabuni, nimekosea wapi?

BintiWete
Assalam aleikum wenzangu. Niko Wete, Pemba. Nyuma ya jiko nina mashina ya mchaichai, na majani yake mabichi nikiyatia kwenye chai nyumba nzima inanukia ndimu. Nimekata, nimekausha, niko tayari kufunga kwenye pakiti. Sasa chai ya haya makavu inanuka kama sabuni ya kufulia, na ukishameza unabaki ukakasi kooni. Natia vijiko 2 vya chakula kwa birika la lita 1. Je, nikichanganya iliki na mdalasini harufu itaondoka? Naomba mnijibu mapema, Ijumaa inatakiwa niwe nimeshamaliza.

Upawa
Waaleikum salam bibie. Kosa liko kwenye birika. Majani makavu hayachemshwi tangu maji yakiwa baridi. Chemsha maji, epua, ndipo uyatie, kijiko 1 cha chai kilichojaa kwa kila kikombe. Funika kwa mfuniko unaokaa barabara, dakika 7 hadi 10, kisha chuja. Matone yanayoganda chini ya mfuniko yarudishe ndani, manukato yako humo. Mabichi yana njia yake: mabua 3 kwa lita, uyaponde kwa mchi mara mbili tatu kwenye sehemu nyeupe, yachemke dakika 5, yakae 10. Tangawizi ukiitaka itangulie, ichemke peke yake dakika 10 kwa kuwa ni ngumu, mchaichai uje mwisho. Sukari baada ya kuchuja.

Jamvi la Ukili
Upawa, birika haliwezi kuleta harufu ya sabuni. Dada, ulianika wapi, siku ngapi, na ulifunika nini?

BintiWete
Juu ya bati la banda la kuku, jua kali, siku moja na nusu. Nilifunika chandarua nzi wasitue. Yamekauka vizuri tu, yanavunjika.

Jamvi la Ukili
Hapo pana mambo mawili, na la pili ni zito zaidi.

Bati la saa saba mchana linaunguza mkono. Mafuta yanayonukia hupeperuka kabla maji ya ndani ya bua hayajatoka. Angalia rangi: mchaichai uliokauka kivulini hubaki kijani kilichofifia, wa juani huwa manjano kama kuti la paa na chai yake ina ladha ya nyasi. Kata umande ukishakauka, mnamo saa nne asubuhi, kiganja kimoja juu ya ardhi. Osha majani yakiwa marefu, kung'uta, yaning'inize yachuruzike. Ukiosha baada ya kukatakata, maji yanaingia ndani na harufu inatoka na maji. Kisha kata vipande vya sentimita 2 hadi 3 kwa kisu kikali. Kisu butu huponda, na palipopondwa hupiga weusi. Mabua meupe ya chini yapasue kwa urefu, maana hayo ndiyo huchelewa kukauka na ndiyo huleta kuvu. Tandaza kwenye uteo au mkeka, unene usizidi kidole kilicholazwa, geuza asubuhi na jioni. Kipindi cha kaskazi ni siku 3 hadi 5. Masika hata wiki inaweza isitoshe, na usiku yaingize ndani uyafunike, hewa yetu hii ya bahari huyarudishia unyevu.

Jani kuvunjika hakutoshi kuwa ushahidi. Tia konzi moja kwenye chupa ya kioo iliyo kavu, funga, iache usiku kucha. Asubuhi kioo kikiwa kimetoka jasho, rudisha majani kwenye uteo. Ukiona nyuzi nyeupe za kuvu au ukisikia uvundo, tupa yote. Kuanika upya hakuondoi sumukuvu.

La pili ni chandarua. Vyandarua vingi tunavyogaiwa vimetiwa dawa ya kuua mbu. Usifunikie kitu cha kunywa. Tumia shashi au kanga kuukuu iliyofuliwa.

Mkarafuu
Kwani lazima mchaichai? Mrehani ni rahisi zaidi, jani lake jembamba, kivulini halichukui siku nyingi, alimradi usilikunje likiwa bichi, litapiga weusi. Na majani ya mdalasini, mawili mabichi kwa birika, yanatosha kabisa. Pale Wawi kiwanda cha makonyo, yaani vikonyo vya karafuu, hakikamui makonyo peke yake, hukamua mafuta ya mchaichai, mrehani na majani ya mdalasini. Pemba hatuna upungufu wa majani ya kunukia.

BintiWete
Nawashukuru nyote. Chandarua nilikifua kwanza, tena mara mbili. Na bati siwezi kuliacha, chumba changu hakina upepo. Mie ninalouliza ni iliki na mdalasini. Majani yako tayari kilo 5, lebo zimeshachapishwa, na nyumba moja ya wageni huko Unguja wameshanipa arbuni. Siwezi kuanza upya.

Jamvi la Ukili
Vyandarua vya dawa ya kudumu hutengenezwa vistahimili kufuliwa mara 20. Mara mbili si kitu.

Baraza la Alasiri
Mwanangu, arbuni ni amana. Mgeni atakunywa chai yako kwa kuwa amekuamini, hana njia ya kujua ilifunikwa nini. Wewe mwenyewe umeonja ukaona si nzuri, halafu unatafuta iliki ya kuificha! Na chakula cha kuuza kwenye pakiti kina taratibu zake, ZFDA wa chakula na dawa na ZBS wa viwango wapo hapa Zanzibar. Waendee kabla ya kuchapisha lebo, si baada yake.

Fundi Mizani
Ngojeni kwanza. Kilo 5 kavu? Mchaichai ukikauka hubaki robo au moja ya tano ya uzito wake. Kilo 5 kavu zinataka kilo 20 hadi 25 mbichi. Shina lililokomaa, likinawiri, mkato mmoja hutoa kilo 1, labda 1 na nusu. Dada, una mashina mangapi?

BintiWete
Matatu.

Fundi Mizani
Matatu hayakupi zaidi ya kilo 1 kavu na ushei. Tena kilo 20 mbichi zikitandazwa kwa unene wa kidole haziwezi kuenea juu ya banda la kuku, na kwa siku moja na nusu bua lisilopasuliwa halikauki ndani. Hesabu haikubali hata upande mmoja. Kwangu mimi kisa hiki kimetungwa. Leo mtu analia shida, kesho anatuletea pakiti tununue.

Mkarafuu
Nami nimeanza kuona hivyo. Mwanzo ilikuwa chai ya nyumbani, sasa kuna arbuni na lebo.

Upawa
Mnamwonea. Mtu akiwa na haya husema kidogo kidogo. Shoga, toa lote lililobaki moyoni, hatuwezi kukusaidia kwa nusu ya habari.

BintiWete
Sikutunga, wallahi. Yangu ni kama kilo moja kasoro. Yaliyobaki nilinunua mabichi, magunia, kwa mtu aliyekuwa anang'oa ua wa nyumba. Waliupanda kuzunguka baraza kuzuia mbu. Nikaanika kwa zamu, fungu baada ya fungu, kisha nikachanganya yote. Niliona vibaya kusema kwa sababu lebo imeandikwa "kutoka bustani yangu". Lakini mchaichai ni mchaichai, majani yale yale marefu, makali pembeni.

Jamvi la Ukili
Ua wa kuzuia mbu. Dada, kwenye magunia kumebaki mashina yenye kitako? Chukua moja, libambue ganda la nje kwa kucha. Kisha nenda nyuma ya jiko, fanya vivyo hivyo kwa la kwako. Niambie rangi, na unuse vidole.

BintiWete
Nimefanya. Langu kitako cheupe, juu linaingia kijani, vidole vinanuka ndimu. La kwenye gunia chini ni jekundu, wekundu wa komamanga, umepanda kama kidole kizima. Na vidole ni sabuni ile ile.

Jamvi la Ukili
Basi hiyo ni sitronela. Ni jamaa ya mchaichai, ukiziona shambani majani yanafanana, ingawa ya sitronela huinama zaidi. Tofauti imo kwenye mafuta. Ya mchaichai sehemu kubwa ni sitrali, ndiyo hiyo harufu ya ndimu. Ya sitronela yamejaa sitronelali na jeranioli, na ndiyo hutiwa kwenye sabuni na mishumaa ya kufukuza mbu, kwa hiyo pua yako haikukudanganya. Wekundu peke yake usiufanye hukumu, maana mchaichai mwingine una zambarau kidogo kitakoni. Wekundu pamoja na harufu, hapo hakuna shaka. Na ua wa nyumba ya mtu, nani ajuaye umepigiwa dawa gani?

BintiWete
Nikipunguza je? Sehemu moja ya hayo kwa nne za mchaichai wa kweli, na iliki?

Jamvi la Ukili
Hapana, dada. Umeshayachanganya, huwezi kuyatenganisha. Na hata ya kwako mwenyewe yamelala chini ya chandarua chenye dawa. Usiwape kuku, usiyatie kwenye mboji ya mboga. Yafukie mbali na kisima.

Fundi Mizani
BintiWete, niwie radhi, nilikuita mwongo mbele za watu. Nikuachie hesabu itakayokufaa. Kikombe kimoja ni gramu 2, pakiti ya gramu 20 ni vikombe 10, kilo 5 ni pakiti 250. Kuzipata kwa mkato mmoja unahitaji mashina 20 yaliyokomaa. Usikubali oda inayozidi mashina yako.

Baraza la Alasiri
Na huyo mwenye arbuni mpigie leo, usingoje Ijumaa.

BintiWete
Nimempigia. Nimemweleza kila kitu, hata chandarua. Nusu ya arbuni nimeirudisha, nusu nitailipa mwisho wa mwezi kwa kuwa iliingia kwenye lebo. Amesema nikipata mzuri nimpelekee kidogo aonje. Majani nimeyafukia. Sasa niambieni, haya mashina matatu nayafanyaje yawe ishirini?

Jamvi la Ukili
Usiyakate tena mpaka masika. Mvua ikishika, chimbua shina zima, ligawe kwa mikono, kila kipande kiwe na mabua 2 au 3 yenye mizizi. Shina moja kubwa hutoa vipande zaidi ya 7, kwa hiyo ishirini utazipata. Majani yapunguze yabaki kiganja. Panda kitako kizame sentimita 5, kipande hadi kipande sentimita 60, pawe na jua la kutwa na maji yasituame, shina hili huoza mizizi upesi. Samadi ya kuku wako iache ioze kabisa kwanza, kisha tia koleo moja kila shimo. Ikiwa mbichi itaunguza. Mkato wa kwanza ni miezi 4 hadi 6, baada ya hapo kila miezi 2 au 3.

Kuhusu upepo: weka uteo juu ya viti viwili, upenuni upande wa nje, hewa ipite chini na juu. Bati waachie kuku.