Ushauri: kijana wetu kachoka kupewa ujambazi, nimwonyeshe kazi gani za Joaquín Cosío?

Kinara_wa_Jukwaa: Wakuu, heshima kwenu. Naongoza kikundi cha maigizo hapa Morogoro. Tuna kijana bonge la mtu, sauti nzito, kila igizo yeye ni jambazi. Sasa amegoma, anasema asipokuwa steringi anaacha. Nilimwona yule Mmexico, Joaquín Cosío, akicheza Don Neto, bosi wa dawa za kulevya, kwenye tamthilia ya Narcos: Mexico, nikaona huyu atamfaa. Nianze na kazi ipi?

Msela_wa_Sinema: Mkuu, El infierno ya 2010, bila kufikiria mara mbili. Dairekta ni Luis Estrada. Steringi ni Damián Alcázar, anacheza Benny, karudishwa kutoka Marekani na kukuta mdogo wake kauawa na mji wote unaishi kwa dawa za kulevya. Cosío ni El Cochiloco, rafiki wa utotoni anayemwingiza kwenye genge. Muuaji kabisa huyo, lakini akifika nyumbani kwa mke na watoto ni baba kama baba yeyote mtaani. Halafu habadilishi sauti! Ni ileile ya kazini, ila hapa inachekesha. Uhusika huo ulimpa tuzo ya Ariel ya mwigizaji msaidizi, na Ariel ndiyo kubwa kwa sinema ya Mexico.

Bibi_Tiketi: Ujambazi tena? Si ndicho anachokikimbia? Hollywood nao ndivyo walivyomfanya: James Bond ya 2008, Jenerali Medrano, The Suicide Squad ya 2021, jenerali mwingine. Wakiliona lile umbo wanalivalisha gwanda. Mwonyeshe Gentefied, tamthilia ya 2020. Humo ni babu Casimiro, ana mgahawa wa taco, chakula cha Kimexico, mtaa wa Boyle Heights, Los Angeles, kodi imepanda na wajukuu kila mmoja ana lake.

Kinara_wa_Jukwaa: Hiyo siijui, asante dada. Alivuma akiwa na umri gani? Wangu ana haraka.

Bibi_Tiketi: Alishapita 40. Ilikuwa filamu ya Matando Cabos, 2004, akicheza Mascarita, mwanamieleka mstaafu. Kabla ya hapo alikuwa mtu wa jukwaani mjini Ciudad Juárez, Mexico, na mashairi anaandika. Ila kaka, usimhubirie kijana. Muulize mwandishi wenu kwa nini jambazi wake hana mke, hana deni, hana mama. Akija jukwaani kazi yake kucheka na kuvuta sigara, hata mimi ningegoma. Mwandikieni tukio moja yuko nyumbani, mtoto ana homa, anabembeleza kwa sauti yake hiyohiyo. Na igizo lijalo mpeni babu.

Msela_wa_Sinema: Hapo nimekubali. Ila Cochiloco asikose kumwona.

Kinara_wa_Jukwaa: Basi Jumamosi tunaanza na babu wa taco. El infierno namwekea peke yake, maana kikundini kuna wanafunzi.

Msela_wa_Sinema: Fanya hivyo. Damu ni nyingi, na matusi usiseme.